Msichana wa Tatu Kutoka Kulia

Katika mwaka 1928 King Vidor, mwongozaji wa senema ambaye miaka mitatu kabla ya hapo alikuwa amejipatia jaha kubwa Hollywood kwa picha yake ya vita iitwayo The Big Parade, alikwenda New York kutafuta waigizaji weusi wa picha aliyokuwa ameiwaza kwa muda mrefu, na huko akaketi kuangalia Blackbirds of 1928, mchezo wa nyimbo na ngoma uliokuwa gumzo la mji. Mbele yake ilisimama safu ya wasichana wachezao pamoja, vazi moja, hatua moja, kila mmoja ameajiriwa kwa sharti kwamba asizidi wala asipungue kuliko jirani yake. Ilhali jicho la Vidor, kama alivyosimulia mwenyewe baadaye, liliwapita wote likamganda yule wa tatu kutoka kulia. Huyo alikuwa Nina Mae McKinney, mzaliwa wa Lancaster, mji wa pamba katika jimbo la South Carolina, aliyelelewa huko na bibi wa ukoo wake, kisha akahamia New York kuwafuata wazazi wake, na wala hakuwa ametimiza miaka 17.

Wanaomtaja siku hizi, nao ni wachache, aghalabu humtaja kwa sauti ya taazia: kwamba alikuwa na sura, sauti, wepesi wa mwili na ucheshi, akakosa nasibu. Mimi siridhiki na neno hilo la nasibu. Nasibu ni radi na mafuriko, ni mtu kuteleza ngazini siku ya harusi yake. Yaliyompata McKinney yalikuwa na makarani, yalikuwa na daftari la hesabu, na yeyote mwenye subira ya kulifungua daftari hilo ataona jinsi kila mstari ulivyojumlishwa kwa utulivu na watu ambao huenda hawakumtakia baya lolote.

Picha aliyoitwa kuichezea ni Hallelujah. Kampuni ya Metro-Goldwyn-Mayer, au MGM kama ilivyozoeleka kuitwa, haikuwa na shauku ya kutia mali yake katika hadithi ya weusi watupu, na idhini haikupatikana hadi Vidor alipojitolea kuuweka mshahara wake mwenyewe pamoja na mtaji wa kampuni, ndipo Nicholas Schenck, aliyezishika funguo za hazina, akakubali. Sehemu ya Chick, mwanamke mshawishi, hakupewa McKinney kwanza. Alipewa mwenzake, Honey Brown, kisha ikabadilishwa mikono. Zama zile sauti ilikuwa ndiyo kwanza imeingia katika senema. Picha za nje zilipigwa Memphis na ng'ambo ya mto, upande wa Arkansas, bila mitambo ya kunasia sauti, na nyuma yake watu wakarudi California kuyatia maneno, nyimbo, na vishindo vya miguu kinamasini juu ya filamu iliyokwisha kupigwa. Maana yake ni kwamba mwigizaji alitakiwa aucheze mwili wake kwa kanuni ya senema bubu, ambayo kila kitu husemwa na mabega na macho, na kisha autie mwili ule ule sauti iliyo hai, isiyoonekana kuwa imeletwa siku nyingine. Waigizaji wazoefu wa Hollywood, wenye majina na magari, walianguka mtihani huo mmoja baada ya mwingine katika miaka hiyo miwili au mitatu. Msichana huyu aliyetoka katika safu ya wachezaji aliupita bila jasho kuonekana.

Hadithi yenyewe ni ya Zeke, mtoto wa wakulima wa pamba, aliyechezwa na Daniel Haynes. Zeke anapeleka mavuno mjini, anamwona Chick akicheza, anavutwa katika kamari ya dadu na mwenzake Chick, laghai aitwaye Hot Shot, fedha za jasho la jamaa nzima zinakwenda, ugomvi unazuka, na mdogo wake Zeke anauawa kwa risasi. Zeke anatubu, anakuwa mhubiri, Chick anakuja kumdhihaki mkutanoni, naye neno linamshika, anabatizwa mtoni, na pale ambapo msikilizaji wa wa'adhi angetaraji hadithi iishe, wawili hao wanatoroka pamoja usiku. Mwisho wake ni mauti ya Chick, kifungo cha Zeke, na kurudi kwake kwa wazazi. Vidor aliwapenda watu hawa, hilo ni dhahiri, ila aliwapenda kwa kumbukumbu za utotoni mwake huko Texas na Arkansas, na mapenzi ya namna hiyo huwa na ukuta: mtu mweusi anaruhusiwa kuimba, kulia, kutamani na kutubu, lakini haruhusiwi kufikiri kwa muda mrefu.

Ndani ya ukuta huo McKinney alijichimbia mlango. Anapocheza wimbo alioutunga Irving Berlin kwa ajili ya picha hiyo, mabega yana safari yao, nyonga zina safari yao, na uso unavitazama vyote viwili kwa kicheko, kana kwamba mwenye uso ameupangisha mwili wake kwa usiku mmoja tu na yuko tayari kuudai asubuhi. Washawishi wa senema bubu waliomtangulia walikuwa wazito. Walijilaza juu ya makochi, wakapaka macho wanja mwingi, wakamtazama mwanamume kama paka amtazamavyo ndege. Chick ana haraka, ana njaa, anacheka kabla ya wengine, na ubaya wake ni wa kitoto kwa sababu mchezaji mwenyewe alikuwa karibu na utoto. Kisha iko ile sehemu ambayo, baada ya Chick kuokoka, Hot Shot anataka kumrudisha katika maisha ya zamani, naye anamshukia kwa chuma cha kuchochea moto, anampiga, na huku anampiga anatangaza kwamba hapana atakayemzuia katika njia yake ya utukufu. Wakosoaji wengine waliiona sehemu hiyo kuwa dhihaka ya dini ya watu weusi. Huenda ndivyo ilivyokusudiwa na mwandishi. Lakini McKinney anaicheza kwa yakini kamili, bila kumkonyezea mtazamaji, hata kichekesho na uchaji vinasimama ubavu kwa ubavu na mtazamaji hajui akishike kipi, na kwa maoni yangu hapo ndipo sanaa yake ilipofika kimo ambacho hakupewa tena ngazi ya kukifikia.

Tarehe 20 Agosti 1929 picha ilizinduliwa New York katika majumba mawili kwa wakati mmoja: Embassy, lililo katikati ya mji, na Lafayette, lililo Harlem, mtaa wa watu weusi. Watu wa Harlem hawakuhitaji kufasiriwa maana ya mpango huo. Vidor aliwekwa miongoni mwa walioshindania tuzo ya uongozaji bora, na McKinney akatiwa saini mkataba wa miaka 5 na MGM, miongoni mwa mikataba ya kwanza ya muda mrefu ambayo studio kubwa ya Hollywood ilipata kumpa mwigizaji mweusi.

Na sasa tulifungue daftari. MGM ilikuwa milki ya kampuni ya Loew's, ambayo asili yake ilikuwa biashara ya majumba ya senema. Picha kwa kampuni hiyo ilikuwa bidhaa ya kujazia viti. Majumba mengi ya majimbo ya kusini yalikataa kuionyesha Hallelujah, na jumba lililokataa ni viti visivyouzwa. Mwaka 1930 wakuu wa studio wakaafikiana juu ya kanuni ya maadili, iliyotiwa nguvu kamili mwaka 1934, na mojawapo ya yaliyoharamishwa humo ilikuwa ni kuonyesha mapenzi baina ya mtu mweupe na mtu mweusi. Basi mwigizaji mweusi ambaye uzuri na mapenzi ndiyo maudhui yake hakuweza kuwekwa mbele ya mwanamume mweupe, kwa kuwa kanuni imekataza. Wala hakuweza kuwekwa mbele ya mwanamume mweusi, kwa kuwa hilo lingehitaji picha ya weusi, na picha ya weusi haiuziki kusini. Hesabu ikaisha, jawabu likawa sifuri. MGM haikutengeneza tena picha ya waigizaji weusi watupu hata mwaka 1943, ilipotoa Cabin in the Sky. Na ilipoitoa, sehemu ya mwanamke mshawishi alipewa Lena Horne, ambaye wakati Chick anacheza huko Memphis alikuwa mtoto wa miaka 11.

Kwa nini basi wakampa mkataba? Nadhani ni kwa sababu mkataba ulikuwa rahisi kuliko uamuzi. Magazeti yalikuwa yakimsifu, na kumwacha aende kwa wengine kungeonekana ujinga. Hivyo akawekwa kama nguo ya sikukuu iliyofungiwa sandukuni, sikukuu yenyewe ikiwa imeahirishwa bila kutajwa siku. Mwaka 1930 alitolewa ili aimbe wimbo mmoja katika They Learned About Women. Mwaka 1935 alionekana kwa kitambo kidogo katika Reckless, picha ya Jean Harlow. Huko Ulaya, ambako alikuwa amekwenda kuimba katika kumbi za starehe za Paris na London, walimpa lakabu ya Garbo mweusi, wakidhani wamemtukuza. Nami kila niisikiapo lakabu hiyo hukumbuka kwamba Garbo mwenyewe, Greta Garbo, aliyekuwa chini ya paa la kampuni ile ile, kati ya 1930 na 1934 alikuwa mwigizaji mkuu wa picha zisizopungua 9.

Iko picha moja ya siku hizo, hata hivyo, ambayo yapasa kuangaliwa polepole. Mwaka 1931 William Wellman, akiifanyia kazi kampuni ya First National, alitengeneza Safe in Hell, hadithi ya mwanamke mweupe mwenye maisha ya taabu, aliyechezwa na Dorothy Mackaill, ambaye amekimbilia kisiwa cha Karibi kisichorudisha wahalifu makwao, na akajikuta katika hoteli iliyojaa wanaume waliotoroka sheria za nchi zao. Mwenye kuiendesha hoteli hiyo ni Leonie, naye ni McKinney. Humo ndani watu wenye akili timamu, adabu na huruma ni wawili tu, yeye na mchukuzi wa hoteli, aliyechezwa na Clarence Muse, na wote wawili ni weusi. Fauka ya hayo wanasema Kiingereza sanifu, bila yale matamshi ya kuvunjavunja ambayo Hollywood iliwatwika weusi kana kwamba ni sare ya kazi. Leonie anahudumia meza huku anaimba, anamwangalia mwanamke mwenzake mweupe kwa jicho la mtu anayeijua dunia, wala hamnyenyekei na hamdharau. Ni mtu na mwenziwe. Dakika zake ni chache. Lakini ndani ya dakika hizo mtu anaona bila kusimuliwa namna ya waigizaji ambao Hollywood ingekuwa nao lau ingetaka.

Mwaka uliofuata, katika filamu fupi iitwayo Pie, Pie Blackbird, alikwisha rudishwa jikoni. Ni mpishi anayeoka pai kubwa, na pai hiyo ikifunguliwa inaonekana ndani yake bendi nzima ya Eubie Blake. Humo ndimo walimoonekana katika filamu kwa mara ya kwanza ndugu wawili wa familia ya Nicholas, Fayard na Harold, watoto ambao baadaye wachezaji wa dunia nzima waliwavulia kofia. Ni kichekesho chenye furaha, na sitajifanya kuwa sikucheka.

Huko London ndiko habari yake inapogusana na yetu. Mwaka 1935 Alexander Korda alitoa, na nduguye Zoltan akaongoza, picha ya Sanders of the River, kutokana na hadithi za Edgar Wallace juu ya mtawala Mwingereza huko Nigeria ambaye kwa tabasamu, bunduki na kiko anazitunza kaumu za mtoni kama mwalimu atunzavyo darasa. Wapiga picha walitumwa Afrika wakanasa ngoma za kweli, zikiwamo za Waacholi wa Uganda. Vijiji vikajengwa Uingereza, katika uwanja wa studio ya Shepperton, na weusi waliokuwa wakikaa nchini humo wakaajiriwa kuwa wanavijiji na machifu. Mmoja wao alikuwa Jomo Kenyatta, aliyekuwa London kwa masomo na kwa kuitetea haki ya Wagikuyu katika ardhi yao. Bosambo, chifu mtiifu, alichezwa na Paul Robeson, ambaye siku hizo hizo alikuwa akijifunza lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo, na aliyeiingia kazi hiyo akitumaini kuonyesha adhama ya Afrika. Alipoona jinsi ilivyounganishwa na sifa iliyoipa dola ya Waingereza, aliikana. McKinney ni Lilongo, mke wa Bosambo: nyusi zimechongwa kwa mtindo wa Paris, Kiingereza ni cha New York, na mtoto anabembelezwa kwa wimbo wa jukwaani.

Ni rahisi kumcheka, na wengi wamemcheka. Mwenye insafu atatazama pande zote mbili za fremu. Wale Waacholi wanacheza ngoma yao kwa watu wao, na kamera imewaiba. McKinney anacheza Afrika iliyobuniwa na mwandishi wa riwaya wa London, na kamera imemnunua. Nao wanakutanishwa katika mkasi wa mhariri bila kuulizwa, wanawake wa Kiacholi na binti wa South Carolina, kana kwamba wametoka kaya moja. Lakini Lilongo, kinyume cha Leonie, hana la kufanya isipokuwa kupendwa, kutekwa na kuokolewa. McKinney alivuka bahari kukimbia sehemu za kitumwa, akakuta upande wa pili amewekewa ya malkia wa karatasi. Miaka miwili baadaye, 1937, alionekana pia katika televisheni changa ya BBC, iliyokuwa na watazamaji wa London tu na vyombo vichache mno, hata sifa hiyo ya utangulizi ilimletea heshima kubwa kuliko riziki.

Aliporejea Marekani alifanya kazi katika filamu zilizotengenezwa kwa fedha ndogo kwa ajili ya majumba ya watu weusi. Hizo zilipigwa kwa haraka, sauti zinapanda na kushuka, kuta za nyumba zinatikisika mlango ukifungwa. Ila zilimpa kitu ambacho MGM ilimnyima, nacho ni kuwa katikati. Katika Gang Smashers ya 1938 anakabiliana na majambazi, na katika The Devil's Daughter ya 1939, iliyopigwa Jamaica, anagombea shamba la urithi na nduguye. Wako wanaozihesabu filamu hizi kuwa kuanguka kwake. Sikubaliani nao, ingawa nakiri kwamba huwezi kuziangalia bila kuona uhaba. Mwigizaji aliyezoea kucheza na mwanga hapa hana mwanga wa kucheza nao.

Ya miaka ya arobaini nitayapita upesi. Katika Dark Waters ya 1944 ni mtumishi wa ndani. Katika nyingine mwaka huo huo ni mtumishi asiyetajwa hata jina. Lakini Pinky ya 1949 haipitiki. Elia Kazan anasimulia humo habari za binti mweusi mwenye ngozi nyeupe kiasi cha kudhaniwa mzungu, na sehemu ya binti huyo mweusi akapewa Jeanne Crain, mwigizaji mweupe, kwa hesabu ile ile ya kanuni ya 1930: binti huyo ana mchumba mweupe, na mchumba mweupe hawezi kumkumbatia mweusi wa kweli mbele ya kamera. McKinney, mwenye rangi ya maji ya kunde, aliyekwisha kushika picha nzima mabegani mwake akiwa hajatimiza miaka 17, yumo humo humo kama Rozelia, mwanamke mgomvi ambaye polisi wanampekua na kumkuta na kisu. Basi katika fremu moja wanasimama mwanamke mweupe aliyelipwa kuwa mweusi na mwanamke mweusi aliyelipwa kuwa hatari, na kati ya wawili hao yule mwenye macho yasiyoweza kuachwa kutazamwa ni Rozelia. Crain aliwania tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka huo. Mweusi wa kwanza kuwania tuzo hiyo alikuwa Dorothy Dandridge, kwa Carmen Jones ya 1954, na atakayemtazama Dandridge akiingia pale mwanzoni, mkono kiunoni, kicheko kikimtangulia, atamwona Chick nyuma yake.

McKinney alifariki New York tarehe 3 Mei 1967, umri wake miaka 54. Mwaka 2008 Maktaba ya Bunge la Marekani iliitia Hallelujah katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa daima, hivyo nakala yake haitaoza.

Mtu akiniuliza aanze wapi kumjua, simpeleki kwanza kwenye Hallelujah, kwa kuwa mahubiri ya Vidor ni marefu na mgeni huweza kuchoka kabla ya kuuona moto. Namwambia aanze na Safe in Hell, amsikilize Leonie anavyosema na kuimba kati ya meza. Kisha aende kwa Chick akiwa amekwisha kujua kwamba ile pupa na ule utoto vilichezwa, havikuzaliwa naye. Sanders of the River aiweke mwisho, aitazame na jamaa walio tayari kubishana, maana kuna mengi ya kubishania humo, na mengi yake hayamhusu McKinney hata kidogo.